Ghaibu na Mashahidi Wake

Saa sita ya usiku wa Julai, baridi ya Njombe ikiwa imekaza, jua huwa karibu moja kwa moja chini ya miguu yetu, upande wa pili wa dunia. Nuru yake haitufikii kwa sababu unene wote wa sayari umesimama katikati. Hata hivyo kuna kitu cha jua lile kinachotufikia. Kila sekunde, katika kila sentimita moja ya mraba, chembe zipatazo bilioni 65 ziitwazo nyutrino huchomoza kutoka ardhini, hupenya sakafu, kitanda, blanketi na mwili wa aliyelala, kisha hutokea paani na kuendelea na safari bila kugusa chochote. Mchana hushuka, usiku hupanda, na wingi wake ni karibu ule ule. Hakuna anayezihisi. Katika maisha yote ya mtu, nyutrino ya jua itakayogongana na atomi ya mwili wake huenda ikawa moja tu, au isiwepo kabisa. Nayasema haya kama mambo ya kweli, na papo hapo msomaji ana haki ya kuniuliza: kitu kisichoonekana, kisichosikika, kisichoguswa wala kugusa, mtu hupata wapi ruhusa ya kusema kwamba kipo?

Swali hili si la wanafizikia peke yao. Njombe na Makambako, kuzungumzia yasiyoonekana ni jambo la kila wiki. Huzungumzwa Jumapili katika makanisa ya Kilutheri na ya Kikatoliki, huzungumzwa Ijumaa misikitini, na yalizungumzwa kabla ya hapo, kwa maana Wabena walikuwa na jina la Mungu, Nguluvi, kabla wamisionari wa Berlin hawajafika mwishoni mwa karne ya 19. Waraka kwa Waebrania, sura ya 11, unaifungamanisha imani na mambo yasiyoonekana. Sura ya Al-Baqara, mwanzoni mwake, inawatambulisha wacha Mungu kwa sifa ya kuamini ghaibu. Lakini yupo pia msemaji wa tatu: mpiga ramli, anayedai kwamba naye ameona kisichoonekana, na kwamba alichokiona ni jina la jirani yako. Mwanafizikia, mhubiri na mpiga ramli, wote watatu wanatumia neno moja: kipo. Asiyeweza kuwatofautisha atawaamini wote au atawakataa wote, na njia zote mbili zina hasara. Hoja yangu ni kwamba dai juu ya ghaibu halipimwi kwa kuuliza kama kitu chenyewe kinaonekana. Linapimwa kwa mashahidi wake: je, msemaji ametaja mapema jambo litakalomshinda, na je, amempa nafasi shahidi ambaye si wake? Vituo vinavyotafuta nyutrino chini ya miamba na chini ya barafu ndivyo mahali ambapo masharti hayo mawili yametimizwa kwa uaminifu usio wa kawaida, ndiyo maana vinafaa kuwa kipimo chetu.

Kwanza tuondoe mfano uliozoeleka. Wahubiri wengi hupenda kutumia upepo, na Makambako, mji wa njia panda kati ya barabara kuu ya Zambia, barabara ya Songea na reli ya TAZARA, una upepo wa kutosha kwa mahubiri ya mwaka mzima. Husemwa kwamba upepo hauonekani, lakini upo. Basi na mambo ya rohoni ni hivyo hivyo. Mfano huu ni dhaifu kuliko unavyodhaniwa. Upepo umefichika kwa macho tu. Ngozi inaujua, miti ya paini inauinamia, mabati yaliyoezuliwa yanaushuhudia. Kadhalika kimondo cha Mbozi, bonge la chuma lenye uzito wa tani zaidi ya 10 lililotoka angani na kutulia kusini magharibi mwa jiji la Mbeya, ni mgeni wa mbali ambaye leo tunaweza kumwekea kiganja. Ghaibu ya kweli ni ngumu kuliko hiyo. Ni kile kinachopita bila kuacha alama yoyote kwa mtu wa kawaida, kiasi kwamba dunia ingeonekana vile vile kama kisingekuwapo. Nyutrino iko karibu sana na hali hiyo, na historia yake inaanzia kwenye hesabu iliyokataa kulingana.

Mwanzoni mwa karne ya 20 ilijulikana kwamba baadhi ya atomi hubadilika zenyewe kwa kutoa elektroni. Nishati ya atomi kabla na baada ya badiliko ilipimwa, na elektroni ilipaswa kutoka na tofauti yote. Haikuwa hivyo. Mara ilitoka na nishati nyingi, mara kidogo, na kilichobaki hakikuonekana popote. Mtu yeyote aliyewahi kukaa kwenye kikao cha ushirika au cha VICOBA anaielewa hali hiyo: daftari linasema shilingi 100 ziliingia, sanduku lina 60, na hakuna aliyetoa. Niels Bohr, mmoja wa wakubwa wa fizikia wa wakati huo, alikuwa tayari kukubali kwamba kanuni ya kuhifadhika kwa nishati huenda haishiki katika mambo madogo kiasi hicho. Wolfgang Pauli alipendekeza njia nyingine. Katika barua ya tarehe 4 Desemba 1930 alisema huenda kuna chembe isiyo na chaji ya umeme, nyepesi mno, inayoondoka na salio lile. Enrico Fermi ndiye aliyeipa jina la nyutrino liwe lake la kudumu, na akaiandikia nadharia kamili. Mwaka 1934 Hans Bethe na Rudolf Peierls walikokotoa jinsi chembe hiyo ingegongana na vitu vingine, wakahitimisha kwamba hakuna njia ya vitendo ya kuinasa. Ili kuzuia nusu ya nyutrino za kawaida ungehitaji ukuta wa risasi wenye unene unaokaribia mwaka mmoja wa mwendo wa nuru.

Hapa pana jambo la kuliangalia kwa makini. Kwa miaka 26, kuanzia 1930 hadi 1956, watu wenye akili waliamini chembe ambayo hakuna aliyekuwa ameinasa. Je, hiyo haikuwa imani? Ilikuwa imani, na siogopi kuiita hivyo. Lakini angalia ilivyojifunga. Pauli na Fermi hawakusema kwamba kuna nguvu fulani ya siri inayoeleza kila kitu. Walisema chembe hiyo lazima ibebe nishati kiasi hiki na hiki, ikigonga protoni lazima itoe vitu viwili maalumu, na vitoke kwa mfuatano maalumu. Kwa kusema hivyo walitoa silaha ambayo adui yao angeweza kuwapigia. Frederick Reines na Clyde Cowan waliitumia silaha hiyo mwaka 1956, katika mtambo wa nyuklia wa Savannah River huko South Carolina, wakiwa na matangi ya maji mita 12 chini ya ardhi. Waliona milipuko miwili midogo ya nuru, mmoja ukiufuata mwingine kama ilivyotabiriwa, takribani mara tatu kwa saa. Kisha wakafanya lililo muhimu kuliko yote: walilinganisha na nyakati ambazo mtambo ulikuwa umezimwa. Alama zile zilitoweka. Kama zingeendelea wakati mtambo umelala, dai lingekufa mbele ya macho yao, na walikuwa wameliandalia dai lao wenyewe njia hiyo ya kufa.

Kuanzia hapo kazi ikahamia vilindini, kwa sababu kipingamizi kikubwa cha kumsikia shahidi mnyonge ni kelele. Juu ya uso wa dunia tunanyeshewa daima na chembe zinazozaliwa pale miale itokayo anga za mbali inapogonga hewa. Muoni, mojawapo ya chembe hizo, hupita kiganjani kwa wastani wa karibu moja kila sekunde. Kutafuta nyutrino katikati ya muoni ni sawa na kutafuta mnong'ono ndani ya stendi ya mabasi. Lakini muoni huchoka kwenye mwamba, na nyutrino haichoki. Kwa hiyo ukishuka chini vya kutosha kelele inabaki juu na mnong'ono unakufuata. Mwaka 1965 nyutrino zinazozaliwa angani zilinaswa kwa mara ya kwanza, na zilinaswa katika migodi miwili ya dhahabu: Kolar nchini India, ambako wanasayansi wa India, Japani na Uingereza walifanya kazi pamoja, na East Rand karibu na Johannesburg, ambako Reines alishirikiana na Friedel Sellschop wa Afrika Kusini katika kina cha zaidi ya kilomita 3. Alama ya kwanza ya East Rand ilirekodiwa tarehe 23 Februari 1965. Makundi yale mawili yalikuwa yakishindana, na kila moja lingefurahi kuonyesha kosa la jingine. Yote mawili yalikuta kitu kile kile.

Mashimo yale hayakuchimbwa kwa ajili ya sayansi. Yalichimbwa kwa ajili ya dhahabu, na nchini Afrika Kusini yalichimbwa na Waafrika waliotolewa nchi nyingi kwa ujira mdogo, chini ya sheria za ubaguzi. Nyanda za Juu Kusini za Tanganyika zinaijua historia hiyo. Vijana wa huku walikwenda migodini kupitia wakala wa kuajiri aliyejulikana kama Wenela, kama wengine kutoka Njombe walivyokwenda manamba kwenye mashamba ya mkonge, mpaka Tanganyika huru ilipousitisha uajiri wa Wenela mwanzoni mwa miaka ya 1960. Majina ya wanafizikia wa East Rand yamo katika vitabu. Majina ya waliopasua mwamba ule hayamo, ingawa bila wao pasingekuwa na kina wala ukimya wa kumsikia shahidi. Nalitaja hili kwa sababu ni sehemu ya hoja. Mtu anaweza asionekane katika kumbukumbu na bado ndiye aliyeibeba kazi yote. Kutokuona kwetu ni habari juu yetu, na mara nyingi si habari juu ya kile tusichokiona.

Njia ya leo ni ya maji na barafu. Nyutrino yenyewe haitoi nuru. Lakini kwa nadra kubwa, mojawapo hugonga kiini cha atomi, na mgongano huo huzaa chembe yenye chaji inayokwenda kasi kuliko nuru inavyokwenda ndani ya maji au barafu. Chembe hiyo huacha nyuma yake mwanga hafifu wa buluu, kama mtumbwi uendao mbio kwenye Ziwa Nyasa unavyoacha wimbi lenye umbo la kichwa cha mkuki. Chini ya mlima Ikeno nchini Japani, katika kina cha mita 1,000, kituo cha Super-Kamiokande kina tani 50,000 za maji, yakizungukwa na macho ya kioo zaidi ya 11,000 yanayosubiri mwanga huo. Kwenye Ncha ya Kusini, kituo cha IceCube kilichokamilika Desemba 2010 kilitoboa barafu kwa maji ya moto na kushusha nyaya 86 zenye vihisio 5,160, katika kina cha kati ya mita 1,450 na 2,450, hata kilomita moja ya ujazo ya barafu ikawa jicho moja. Hata huko chini, kwa kila nyutrino moja inayonaswa hupita muoni kama milioni moja zitokazo juu. Ili kuzitenganisha, wanasayansi huangalia hasa mianga inayopanda kutoka chini. Muoni haiwezi kuipenya dunia nzima. Kinachotokea upande wa chini kimetumia sayari yote kama chujio. Tarehe 22 Septemba 2017 nyutrino moja yenye nishati kubwa ilinaswa hapo. Chini ya dakika moja baadaye tangazo lilitumwa kwa vituo vya dunia nzima, na darubini zilizogeukia upande ilikotoka zikakuta galaksi yenye kiini kinachowaka, karibu miaka bilioni nne ya mwendo wa nuru kutoka kwetu. IceCube haikujitangazia ushindi kwa siri. Iliwaita wengine waje waangalie mahali pale pale.

Sasa pingamizi la kwanza, na ni zito. Mkulima wa viazi wa Uwemba au mfanyabiashara wa mbao wa Makambako hajawahi kufika Ncha ya Kusini wala hatafika. Anaambiwa na mtaalamu kwamba nyutrino zipo. Anaambiwa na mganga kwamba uchawi upo. Hawezi kukagua lolote kati ya hayo. Je, tofauti si kwamba mmoja amevaa koti jeupe? Najibu kwamba ni kweli wengi wetu tunapokea kwa kuambiwa, na hakuna aibu katika hilo. Hata mwanafizikia hupokea kwa kuambiwa karibu yote anayoyajua nje ya fani yake. Lakini kupokea kwa kuambiwa hakumwondolei mtu uwezo wa kuchunguza tabia ya anayemwambia. Na tabia ya vituo hivi inaweza kuchunguzwa na yeyote, kwa sababu makosa yao yako hadharani. Mwezi Septemba 2011 kundi la OPERA, katika maabara iliyo chini ya mlima Gran Sasso nchini Italia, lilitangaza kwamba nyutrino zilizotumwa kutoka Geneva, umbali wa kilomita 730, zimefika mapema kuliko nuru kwa takribani sehemu 60 za bilioni ya sekunde. Lingekuwa jambo la kutikisa fizikia yote. Kundi lenyewe liliomba wengine wakague. Miezi michache baadaye ikagundulika waya wa kupitishia nuru haukuwa umekazwa sawasawa, na kundi jingine katika maabara ile ile likapima na kukuta kasi ya kawaida. Dai likafutwa mbele ya watu. Ni mara ngapi tumesikia mpiga ramli akiwaita wapiga ramli wenzake wa wilaya nyingine wamkague, kisha akasimama mbele ya kijiji na kusema kwamba mama yule aliyemtaja hakuhusika?

Mfano wa Raymond Davis unafundisha upande wa pili. Katika mgodi wa Homestake, Marekani, karibu mita 1,500 chini ya ardhi, alijaza tangi kwa lita 380,000 za kimiminika chenye klorini kitumikacho kusafishia nguo, akihesabu atomi chache za argoni ambazo nyutrino za jua zingezizalisha ndani yake. Alikuta karibu theluthi moja tu ya zilizotabiriwa. Watu walimshuku. Naye alijishuku kwanza: aliingiza katika tangi kiasi kidogo cha argoni alichokijua, kisha akakitafuta ili aone kama njia yake ina uwezo wa kukipata, akakipata. Baada ya hapo hakuipandisha namba yake ili kuwafurahisha wakubwa, wala hakudai kwamba jua linazimika. Alibaki na theluthi yake kwa zaidi ya miaka 20. Kituo cha Sudbury nchini Kanada, kilomita 2 chini ya ardhi, kilipotumia tani 1,000 za maji mazito na kutoa majibu yake mwaka 2001 na 2002, ilionekana kwamba Davis alikuwa sahihi na wakokotozi wa jua pia walikuwa sahihi: nyutrino hubadilika aina zikiwa njiani, na tangi la Davis liliweza kuona aina moja tu. Alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 2002. Shahidi mwaminifu ndivyo alivyo. Husema alichokiona kwa kipimo alichokiona, hata kama kinamwacha bila maelezo.

Na mashahidi wasiojuana wanapokutana, nguvu yao ni kubwa. Tarehe 23 Februari 1987, saa 4:35 asubuhi kwa saa za Afrika Mashariki, mkururo wa nyutrino uliodumu sekunde chache ulinaswa Kamioka nchini Japani, chini ya Ziwa Erie nchini Marekani na katika milima ya Kaukazi. Jumla yake haikufika 30. Muda mfupi baadaye nuru ya nyota iliyolipuka ikaonekana katika anga ya kusini, katika galaksi jirani ambayo kutoka Nyanda za Juu Kusini huonekana usiku usio na mwezi. Mlipuko huo ulitokea zaidi ya miaka 160,000 iliyopita. Siku ile kila aliyekuwa hai alipitiwa na maelfu ya mabilioni ya nyutrino za nyota hiyo, na walioweza kutoa ushahidi walikuwa vyombo vitatu, katika nchi tatu, ambavyo havikuwa vimepatana.

Pingamizi la pili linatoka kwa muumini. Mungu si chembe, atasema. Hawekwi ndani ya tangi, na Maandiko yenyewe yanakataza kumjaribu. Nakubaliana naye kabisa, na nawaonya wale wanaotaka kuichukua nyutrino madhabahuni kama uthibitisho wa Mungu, wa malaika au wa mizimu. Ushahidi wa kesi moja hauhamishiwi kesi nyingine. Nyutrino inathibitisha nyutrino. Lakini muumini na akumbuke kwamba sheria ya mashahidi haikuanzia maabara. Kumbukumbu la Torati, sura ya 18, inampima nabii kwa kuangalia kama alilolisema limetokea, na sura ya 19 haikubali mtu ahukumiwe kwa neno la shahidi mmoja. Waraka wa kwanza wa Yohana, sura ya 4, unaagiza roho zijaribiwe. Sura ya An-Nur inadai mashahidi wanne kwa anayemtuhumu mwanamke mwenye heshima, na Sura ya Al-Hujurat inaamuru habari ichunguzwe kabla watu hawajadhuriwa kwa kutojua. Ni dini zenyewe, karne nyingi kabla ya Pauli, zilizotenga aina mbili za maneno juu ya ghaibu. Kuna neno linalomgeukia msemaji mwenyewe na kumtaka atubu, asamehe, atoe; hilo gharama yake hulipwa na anayeliamini, na maisha yake ndiyo ushahidi wake. Na kuna neno linalomgeukia mtu mwingine na kumshtaki au kumtoza. Hilo dini hailiruhusu lipite bila mashahidi. Kumwabudu Mungu asiyeonekana hakuhitaji kihisio. Kumtaja jirani kwamba ndiye aliyeua mtoto kwa njia isiyoonekana kunahitaji zaidi ya kihisio.

Njombe inajua kwa machungu kwa nini nasisitiza hili. Mwishoni mwa 2018 na mwanzoni mwa 2019 watoto wadogo waliuawa mkoani humu, na mamlaka zilihusisha mauaji hayo na imani za kishirikina. Waganga walikuwa miongoni mwa waliokamatwa. Sitaongeza neno juu ya huzuni ya familia zile. Nasema tu kwamba nyuma ya mauaji ya namna hiyo, popote nchini, husimama dai juu ya ghaibu lililoachwa bila kupimwa: kwamba kiungo cha mtu kinaita utajiri. Angalia dai hilo linavyojilinda. Utajiri ukija, mganga alisema kweli. Usipokuja, sharti limekiukwa, au mteja anaonewa wivu na ndugu, au inahitajika dawa nyingine. Hakuna matokeo yoyote duniani yatakayomfanya mganga aseme kwamba alikosea. Ndivyo pia kwa wanaozunguka vijijini, lambalamba au kamchape kwa jina lolote wanaloitwa, wakifichua wachawi: wakipata pembe chini ya kitanda, ni ushahidi, wasipoipata, mchawi ameificha kwa uchawi. Dai lisiloweza kushindwa halina nguvu ya ziada. Limepungukiwa, kwa sababu limejitenga na kila shahidi ambaye angeweza kuliunga mkono. Mtambo wa Savannah River uliweza kuzimwa. Ramli haina swichi.

Pingamizi la tatu linatoka kwa anayekataa yote. Yeye atasema kwamba, kwa mantiki hii, kinachopimika tu ndicho kilichopo, na yaliyobaki ni hadithi. Namrudisha mwaka 1934. Bethe na Peierls walikokotoa vizuri. Kwa vyombo vya siku zao nyutrino haikupimika. Kama kuwapo kungetegemea kupimika, tungelazimika kusema kwamba nyutrino zilianza kuwapo mwaka 1956, ilhali nyota zimekuwa zikizimwaga tangu zamani sana kabla ya kuwapo mtu wa kuhesabu. Kipimo hakikiumbi kilichopimwa. Kinachobadilika ni haki yetu ya kusema, na haki hiyo ina daraja: kuna jambo ninaloruhusiwa kulitumaini, kuna ninaloruhusiwa kulifundisha kama linalowezekana, na kuna ninaloruhusiwa kumshitaki nalo mtu. Anayekataa yote huyafuta madaraja haya kwa upande wa chini, mpiga ramli huyafuta kwa upande wa juu, na wote wawili wanakwepa kazi ile ile ya kushuka kilindini, kunyamaza na kuhesabu.

Kuna jambo moja la mwisho ambalo nyutrino inatufundisha, nalo liko karibu na jiko kuliko na nyota. Viazi mviringo, zao linaloijulisha Njombe hadi sokoni Dar es Salaam, vina potasiamu kwa wingi, na sehemu ndogo ya potasiamu yote duniani ni ya aina inayobadilika polepole kama zile atomi zilizomtatiza Pauli. Potasiamu hiyo imo miilini mwetu pia. Kwa sababu yake kila mtu mzima hutoa nyutrino za aina ya kinyume maelfu kadhaa kila sekunde, usiku na mchana, na hizo huondoka kupitia kuta, milima na dunia nzima kwenda nje kusiko na mwisho. Hatupitiwi tu na yasiyoonekana, nasi tunayatoa. Aliye maskini anayatoa kama aliye tajiri, kikongwe anayeishi peke yake pembeni mwa kijiji kama mwenyekiti wa kijiji hicho. Kuwa na kitu kisichoonekana ndani yako si heshima ya watakatifu wala si alama ya wachawi. Ni hali ya kila mwenye mwili.

Kwa hiyo anayekuja na habari za ghaibu asifukuzwe kwa sababu tu anasema juu ya yasiyoonekana. Pauli naye alikuja hivyo. Lakini habari yake ikimgusa mtu mwingine, aulizwe maswali ambayo Reines aliulizwa, na ambayo Torati na Kurani ziliyauliza kabla yake: ni nani mwingine aliyeona, asiye wa kwako, na ni jambo gani likitokea utasema ulikosea? Vituo vya nyutrino vimeyajibu maswali hayo kwa kuteremka kilomita chini ya mwamba na kusubiri miaka mingi kwa ajili ya alama chache. Aliyekuja na jina la kikongwe yule ateremke walau hatua moja. Na mpaka mashahidi wapatikane, kikongwe abaki nyumbani kwake, afunge mlango, alale, huku nyutrino za jua zikimpitia kwa wingi ule ule unaompitia aliyemtaja.